Uyoga wa Kuoka, kwa Oveni au kwa Moto wa Juu na Chini

ZUHURA: Karibuni jikoni. Mimi Zuhura, niko na mwenzangu Baraka, na leo tunaoka uyoga.

BARAKA: Unaoka? Mtu wa Tanga, na nazi umeiacha wapi dada?

ZUHURA: Wa nazi utakuwa na siku yake. Leo nataka ule unaokaa pembeni ya sahani, wa kusindikiza ugali na maharage, au wali na samaki wa kukaanga. Mkavu, una rangi ya kahawia, kingo zimekaukiana kidogo. Chumvi, kitunguu saumu, ndimu. Hakuna kingine.

BARAKA: Sisi Iringa uyoga ni wa mvua. Mvua zikishika, barabarani utakuta watu wamepanga ndoo na masinia, magari yanasimama. Ukifika nyumbani unachemshwa, unaungwa karanga. Bibi yangu ukimwambia unauoka atakuuliza nani amekufundisha.

ZUHURA: Haya, huo wa porini tuusemee kabisa, maana wapo wanaotusikiliza ambao mvua ikinyesha leo kesho wako msituni.

BARAKA: Wa porini ni wa mtu anayeujua. Siyo aliyeuona kwenye simu, anayeujua kwa kukua nao. Na zile habari za kuchemsha na sarafu au kitunguu, eti kikibadilika rangi uyoga una sumu, kisipobadilika ule tu... hapana. Hazipimi kitu. Kuna sumu za uyoga ambazo moto hauziondoi hata ukichemsha kutwa nzima. Tena nyingine zinachelewa, mtu anakula mchana, anaanza kuumwa usiku au kesho yake, na wakati huo ini limeshaanza kuharibika.

ZUHURA: Kwa hiyo leo tunapika wa kulimwa. Mamama, ule unaofanana na feni, unaooteshwa kwenye mabua ya mpunga, migomba mikavu au mabaki ya pamba. Au ule wa mviringo wa supamaketi.

BARAKA: Wa mviringo nao upo mweupe, upo wa kahawia, na upo ule mkubwa kama kisosi unauzwa bei ya kuku.

ZUHURA: Na wote watatu ni jamii moja! Mkubwa ni mdogo aliyeachwa akakua, kofia ikafunguka. Ladha imekolea kidogo kwa sababu umepoteza maji, lakini ukoo ni uleule. Usijitese kuutafuta mkubwa. Mimi ningechukua mamama. Bei yake ina afadhali, na ukiupasua kwa mikono unatoa nyuzi ndefu ambazo motoni zinakuwa kama nyama.

BARAKA: Kuchagua?

ZUHURA: Harufu kwanza. Uyoga mzuri unanukia udongo wa msitu baada ya mvua. Ukinusa uchachu, au ukishika unateleza, rudisha. Na ukifika nyumbani utoe kwenye ile nailoni waliyoufungia, uweke kwenye mfuko wa karatasi, ndani ya friji. Ndani ya nailoni unatoa jasho na unaoza haraka. Afadhali tangu Juni 2019 mifuko ya plastiki ya kubebea ilipopigwa marufuku, ya karatasi haikosekani nyumbani.

BARAKA: Sasa dada, niulize swali la siku zote. Tunauosha au hatuuoshi? Wapishi wa mtandaoni wanasema ukiosha umeuharibu, unafyonza maji kama sponji.

ZUHURA: Uoshe. Uyoga wenyewe una maji asilimia tisini hivi, vijiko viwili vya maji ya bomba vitaongeza nini? Ninachokataza mimi ni kuuloweka. Pitisha kwenye maji, kung'uta, tandaza kwenye kitambaa safi. Mamama uukamue kidogo, kwa sababu maji yanajificha kwenye zile pindo za chini ya kofia. Kama kuna jua, utandaze nje nusu saa, pindo zikitazama juu. Ngozi inakauka, na jua linautengenezea vitamini D bure.

BARAKA: Hii ya asilimia tisini ndiyo siri yote ya leo, sivyo?

ZUHURA: Yote. Mtu akikuambia uyoga wake umetoka kama kamasi, jua alishindwa na maji. Maji yakiwa bado yapo kwenye trei, joto la pale haliwezi kupita digrii 100. Na ile rangi ya kahawia, ile harufu ya kuchoma, inahitaji kama 140 kwenda juu. Kwa hiyo kazi yako ni moja tu, kuyafukuza maji haraka.

BARAKA: Na usiogope kwamba ukikaa motoni utarojeka. Uyoga si bamia. Kuta zake zimejengwa kwa kitu kinaitwa kitini, kilekile cha ganda la kamba na la panzi. Joto la jikoni halikiyeyushi. Nyanya ukiisahau inakuwa mchuzi, uyoga unabaki na umbo lake.

ZUHURA: Haya, chukua nusu kilo. Wa mviringo ukate mara nne, midogo mara mbili. Mamama kata lile shina gumu la chini, halafu pasua kwa vidole, kisu kiweke chini. Vijiko viwili vya chakula vya mafuta ya alizeti, changanya kwa mkono hadi kila kipande king'ae.

BARAKA: Vijiko viwili tu?

ZUHURA: Viwili, vitatu ukiwa mkarimu. Ukimwaga mengi unafyonza, unakuwa mzito mdomoni. Sasa wale wenye oveni...

BARAKA: ...watoe kwanza masufuria waliyoyahifadhi humo.

ZUHURA: (anacheka) Watoe masufuria. Halafu wawashe digrii 220, na trei iingie ndani ipate moto ikiwa tupu. Iache ichemke kabisa. Ndipo utoe, utandaze uyoga, usikie ukilia tsss. Na utandaze kweli, kipande kisipande juu ya kingine. Nusu kilo inataka trei nzima. Ukiona haitoshi, gawa mara mbili. Watu wanaumia roho kuona trei ina nafasi, wanajaza. Ukijaza, mvuke wa huyu unampika yule, umechemsha.

BARAKA: Muda?

ZUHURA: Mamama dakika ishirini hadi ishirini na tano, wa mviringo unaweza kufika thelathini. Katikati hapo utaona umetoa maji, trei imekuwa bwawa. Hapo ndipo wengi wanazima, wanasema umeharibika. Acha. Maji yataondoka. Au kama yamezidi, yamimine kwenye kikombe, usiyamwage hata tone, kesho yanaingia kwenye mchuzi. Yakikauka, geuza, rudisha ndani.

BARAKA: Umeme je? Maana mtu anasikia oveni anafikiria LUKU.

ZUHURA: Oveni ya mezani ya wati 2000 kwa nusu saa haizidi uniti moja, hata ingewaka mfululizo. Ongeza dakika chache za kuipasha. Siyo kila siku, lakini Jumapili tunaweza.

BARAKA: Sawa, lakini dada, wengi wetu hatuna oveni. Tuna mkaa, au jiko la gesi la plati mbili.

ZUHURA: Na pwani tumeoka miaka yote bila oveni. Mkate wa kumimina ulikuwa unaokwa na nini? Moto juu, moto chini. Unapalia makaa kwenye mfuniko, chini unaacha kidogo.

BARAKA: Hapo nakukamata. Mkate unafunika. Uyoga ukifunika, mvuke utapita wapi? Umetuambia sasa hivi tunafukuza maji.

ZUHURA: Ndiyo maana unaenda kwa hatua. Sufuria zito, pana, lile la kupikia pilau. Liweke kwenye makaa yaliyokolea, likiwa tupu, mpaka tone la maji likidondoka linaruka. Tia uyoga uliopakwa mafuta, tabaka moja, bila kufunika. Unauacha. Usikoroge-koroge! Utatoa maji, yatachemka, yatakauka, utasikia mlio unabadilika, kutoka kububujika kwenda kukaanga. Mlio ndio saa yako.

BARAKA: Na hapo ndipo unapalia.

ZUHURA: Hapo ndipo. Toa makaa ya chini, bakiza machache. Chukua kipande cha bati au mfuniko bapa, weka juu, uache upenyo upande mmoja wa vidole viwili, mvuke uliobaki utoke. Makaa juu. Dakika saba, nane, unachungulia. Kofia zinabadilika rangi kwa juu bila kugeuzwa. Na ule moshi kidogo wa mkaa unaoingia, oveni haikupi. Nikiwekewa wa oveni na wa mkaa mezani, nachukua wa mkaa.

BARAKA: Fanya hivyo nje au barazani, jamani. Mkaa ndani ya chumba kilichofungwa unatoa hewa yenye sumu isiyo na harufu.

ZUHURA: Kabisa. Wa gesi, fuata hatua ya kwanza kwenye kikaango kizito, malizia hapohapo. Hutapata ile rangi ya juu, lakini utakula vizuri.

BARAKA: Bado hujatia chumvi.

ZUHURA: Bado.

BARAKA: Mimi naweka mwanzo. Trei ikiwa pana na moto mkali, maji yanayovutwa na chumvi yanakauka tu.

ZUHURA: Yanakauka, sikatai. Shida yangu ni kipimo. Nusu kilo ikitoka motoni inakaribia robo. Chumvi uliyoiona ndogo kwenye nusu kilo yote imebaki kwenye robo. Weka mwishoni, nusu kijiko cha chai, onja, ongeza.

BARAKA: Hilo nakubali nusu. Na kitunguu saumu?

ZUHURA: Dakika tano za mwisho. Punje nne, ukizitwanga na pilipili manga. Ukitia mwanzo kwenye digrii 220 kinaungua, na kitunguu saumu kilichoungua ni kichungu, hakifichiki. Ukitoa, kamulia ndimu nusu, nyunyizia kotmiri. Anayetaka kijiko cha samli sasa hivi, uyoga ukiwa wa moto, simzuii.

BARAKA: Mimi nazitwanga karanga zilizokaangwa, nanyunyiza juu. Iringa haitaniacha.

ZUHURA: Nikaribishe siku hiyo.

BARAKA: Ukibaki?

ZUHURA: Friji, chombo chenye mfuniko, siku mbili tatu. Usiupashe kwa kufunika, utalainika tena. Tupa kwenye kikaango cha moto dakika moja, vunjia mayai mawili juu, chapati iko pembeni. Baraka, mkaa umekolea huko nje, lete hilo bati.