Mlango wa Klabu: Mabel Fairbanks na Mchezo wa Kuteleza Barafuni Nchini Marekani

Mabibi na mabwana, nawashukuru kwa kuitikia mwaliko. Nimeombwa nizungumzie mchezo wa kuteleza kwenye barafu nchini Marekani, mchezo ambao wengi wetu huuona kwenye televisheni kila inapofika Michezo ya Olimpiki ya majira ya baridi. Tunaona muziki, mavazi ya kumetameta, miruko, na mwanamichezo akisubiri alama zake huku kocha amemshika bega. Mimi nataka tuangalie mahali ambapo kamera hazifiki, yaani klabu, kwa sababu naamini kwamba heshima ya mchezo huu nchini humo, pamoja na aibu yake kubwa, vyote vimepita katika mlango wa klabu.

Klabu kongwe kuliko zote Marekani ilianzishwa Philadelphia mwaka 1849, wakati watu wakiteleza juu ya mto Schuylkill ulioganda. Barafu ya mto haiaminiki, hupasuka bila taarifa, na kwa hiyo wanachama walitakiwa kubeba kamba ili aliyetumbukia arushiwe na kuvutwa. Mpaka leo jina rasmi la klabu hiyo linataja kazi hiyo ya kuokoa watu. Zilifuata klabu za New York na Boston, na mwaka 1921 klabu saba ziliungana kuunda chama cha taifa. Tangu hapo mambo yote yalikwenda kwa klabu: mitihani, ruhusa ya kushindana, hata jina ambalo mwanamichezo hutambulishwa nalo anapoingia uwanjani.

Hapa sina budi kueleza jambo moja la ufundi, kwani bila hilo hatutaelewa jinsi mlango huo ulivyofungwa. Chuma kilicho chini ya kiatu kina upana wa milimita 4 hivi, nacho kimechimbwa kidogo katikati kwa urefu wake, hivyo kina kingo mbili, wa ndani na wa nje. Mtelezaji mahiri husimama juu ya ukingo mmoja tu. Zamani alitakiwa kuchora kwa mguu mmoja namba nane kwenye barafu safi, kisha kuirudia juu ya mstari uleule, tena na tena, bila kutoka nje yake. Alipomaliza, waamuzi waliinama, wengine wakapiga magoti kabisa, kutazama kama duara ni duara kweli na kama mguu uliyumba ukaacha mistari miwili badala ya mmoja. Kwa miaka mingi michoro hiyo ilibeba asilimia 60 ya alama, nayo iliendelea katika mashindano ya kimataifa hadi mwaka 1990.

Sasa mtu angejifunzia wapi michoro hiyo? Haiwezekani kuchora katikati ya umati wa watu wanaojiburudisha, juu ya barafu iliyokwisha kukwaruzwa. Klabu ilikodi uwanja kwa saa maalumu, ikaigawa barafu vipande vipande, kila mwanachama na kipande chake. Klabu ndiyo pia iliyowaita waamuzi wa mitihani, na mitihani ya michoro ilikuwa minane, mbali na ule wa mwanzo. Asiye na klabu hakuwa na kipande cha barafu, na kwa hiyo hakuwa na mtihani, na asiye na mtihani hakuwa na mashindano. Nawaomba mlitafakari hili kwa makini: chama cha taifa hakikuhitaji kuandika popote kwamba Mmarekani mweusi haruhusiwi kuwania ubingwa. Ilitosha kwamba wanachama wa klabu ndio waliokuwa wakikubali au kukataa maombi ya uanachama.

Miaka ya 1930 alikuwapo New York binti mweusi aliyeitwa Mabel Fairbanks, mwenye asili pia ya Waseminole, wenyeji wa Florida. Aliwaona watu wakiteleza katika bustani ya Central Park akapata hamu ya kujaribu. Akanunua viatu vilivyokwisha kutumika, vikubwa kuliko mguu wake, akavijaza pamba. Alipokwenda kwenye uwanja wa ndani alikataliwa kwa sababu ya rangi yake, akarudi, akakataliwa, akarudi tena, hata mwisho akaruhusiwa kuingia. Mjomba wake alimtengenezea chumbani kiwanja cha mabati na mbao, futi 6 kwa 6, kilichotiwa barafu kavu, yaani gesi ya kaboni dioksidi iliyogandishwa. Hebu pimeni ukubwa huo kwa macho hapa mbele yangu: haufiki ukubwa wa jamvi la kulia chakula familia kubwa. Mahali padogo namna hiyo huwezi kukimbia wala kuruka. Unaweza kuzunguka tu. Naye alizunguka, mpaka mizunguko yake ikawa ndiyo sifa yake.

Miongoni mwa waliomwona alikuwa Maribel Vinson, bingwa wa Marekani mara 9 na mshindi wa medali ya shaba katika Olimpiki ya Lake Placid mwaka 1932. Bibi huyo, mzaliwa wa klabu kwa kila maana, alimfundisha Mabel bila kumtoza chochote. Lazima nimtaje kwa heshima, kwani ndiye pia aliyemfundisha Tenley Albright, Mmarekani wa kwanza kushinda dhahabu ya Olimpiki ya mchezo huu kwa upande wa wanawake, mwaka 1956. Februari 1961 alifariki pamoja na binti zake wawili, ndege iliyobeba timu ya Marekani kwenda mashindano ya dunia ya Prague ilipoanguka karibu na Brussels. Wanamichezo wote 18 wa timu hiyo walikufa. Mchezo ulipoteza siku moja mabingwa na walimu wao, nami kila nikisoma habari hiyo moyo huniuma upya.

Vinson alimpa Mabel ufundi, lakini uanachama hakuweza kumpa. Kwa hiyo Mabel Fairbanks hakuwahi kushiriki mashindano ya taifa hata mara moja. Alitumbuiza katika maonyesho, ndani na nje ya nchi. Miaka ya 1940 alihamia kusini mwa California, na huko Pasadena akakuta uwanja uliobandika tangazo kwamba wateja weusi hawahitajiki. Akageukia ukocha, akawafundisha watoto wa rangi zote, na kwa wale wasio na uwezo hakuidai ada.

Kazi yake iliyo kubwa kuliko zote, kwa maoni yangu, aliifanya mbele ya mlango uleule uliomfungia. Alipigania mwanafunzi wake Atoy Wilson aingizwe katika klabu ya Los Angeles, na akafaulu. Mwaka 1966 kijana huyo alishinda ubingwa wa taifa katika daraja la wanagenzi, Mmarekani mweusi wa kwanza kufanya hivyo. Takriban miaka hiyohiyo Mabel alitafuta mwenzi wa kuteleza na mtoto Randy Gardner, akamchagua Tai Babilonia, binti mwenye damu ya Kiafrika na ya Kifilipino. Watoto hao waliona haya kushikana mikono, naye akawabembeleza kwa zawadi ndogondogo. Mwaka 1979, huko Vienna, walikuwa mabingwa wa dunia. Baada yao akaja Debi Thomas, naye akiiwakilisha klabu hiyohiyo ya Los Angeles, bingwa wa Marekani na wa dunia mwaka 1986, na mwaka 1988 huko Calgary mtu mweusi wa kwanza kupata medali katika Olimpiki ya majira ya baridi. Wakati huo alikuwa akisoma chuo kikuu cha Stanford, na baadaye akawa daktari wa upasuaji wa mifupa.

Mabel Fairbanks aliingizwa katika orodha ya heshima ya chama cha taifa mwaka 1997, akafariki mwaka 2001. Michoro ilikuwa imekwisha kufutwa, na uanachama hauulizii rangi tena. Kilichobaki ni gharama, nazo ni nzito: saa za barafu, kocha, mtunzi wa mtiririko wa mchezo, viatu ambavyo mtoto anayekua huviacha mapema, safari za kuvuka nchi. Kwa hiyo mwaka 2021 chama kilianzisha mfuko wenye jina la Mabel kuwasaidia watelezaji kutoka jamii ambazo hazikuwa na nafasi. Wa kwanza kupewa msaada huo alikuwa Starr Andrews, binti wa Los Angeles. Oktoba 2022, katika mji wa Mississauga nchini Kanada, alipanda jukwaani kupokea medali ya fedha ya Grand Prix, mfululizo wa mashindano ya kimataifa ya mchezo huu, medali ambayo hakuna mtelezaji mweusi wa Marekani aliyewahi kuipata kabla yake.

Ahsanteni kwa kunisikiliza. Sasa nakaribisha maswali.