Unapangaje masomo ya Kijapani kwa wanaoanza? Nalijibu leo

Hamjambo wapendwa. Kila video swali ni lilelile: "Dada, nataka kufundisha Kijapani wanaoanza, napangaje masomo?" Wapo watakaosema najishaua kwa sababu niko Japani, na wapo watakaosema nalalamika. Sawa, najibu hivyohivyo.

Anza na makaratasi. Shule nyingi za lugha huku humtaka mwombaji wa viza ya masomo alete cheti cha N5, ngazi ya chini kabisa ya mtihani wa Kijapani wa JLPT, au uthibitisho wa saa 150 za kujifunza. Kwa vipindi vya dakika 90, hivyo ni vipindi 100; mara tatu kwa wiki, ni kama wiki 34. Basi daftari la mahudhurio lifunguliwe siku ya kwanza, tarehe na dakika ziandikwe. Mtu alipe ada miezi minane halafu cheti chake hakionyeshi saa? Inauma.

Hiragana, yaani herufi za msingi za Kijapani, ziko 46; zigawe nane kila kipindi, wiki mbili zimekwisha.

Kazi iko kwenye urefu wa irabu. A, e, i, o, u tunazo, lakini Kiswahili hukaza silabi ya pili kutoka mwisho na kuivuta. Biru ni jengo, biiru ni bia. Mwanafunzi wetu akitaja jengo, Mjapani anasikia bia. Pigeni makofi: biru mawili, biiru matatu. Dakika tano kila kipindi, mwezi mzima.

Saa nayo ipe kipindi chake kizima. Saa moja asubuhi yetu kwao ni shichi-ji, yaani saba, na anayetafsiri kichwani atasema ichi-ji, achelewe au awahi saa sita nzima! Tumia saa ya mishale, asome namba mshale unapoelekea, neno la Kiswahili lisitajwe kabisa. Nne, saba na tisa zikaririwe peke yake: yo-ji, shichi-ji, ku-ji.

Dakika 90 mimi nazigawa hivi: marudio 10, sentensi mpya kwa picha 15, kurudiarudia 25, maongezi ya wawili wawili 30, kuandika 10. Ukiingiza miundo mipya zaidi ya miwili, maongezi ndiyo yanayoliwa. Ila darasa la watu wanne si la watu ishirini, pima la kwako.

Na mpango uandike vizuri, uutunze. Walimu wa muda huku hulipwa kwa kipindi, wanakiita koma, na maandalizi mara nyingi hayalipwi. Saa mbili za kukata picha usiku ni zako mwenyewe, kwa hiyo picha hizo zipigwe plastiki zitumike na darasa linalofuata.