Waacheni Walie Matanga Yao

Asalaam aleykum. Shikamooni wazee wangu. Wa nyuma sogeeni mbele, spika hii inakoroma.

Wenyeviti wa vitongoji, mafuriko si mageni kwetu. Januari 2020 maji yalitukumba hapa Kilwa, vijiji vikahamishwa. Mei 2024 kikaja kimbunga Hidaya, barabara ya Dar ikakatika Somanga. Kila mara tunajitahidi: unga, mablanketi, madarasa ya kulala. Kisha tunamwambia mtu, "Piga moyo konde, mshukuru Mungu." Hapo ndipo mimi nina ugomvi na sisi wenyewe.

Kusini msiba una utaratibu wake. Majirani wanalala mkekani na mfiwa. Mtani anafika, anaingia kaburini na kukataa kutoka mpaka alipwe, anaigiza marehemu alivyokuwa akitembea, na mjane anacheka huku machozi yanamtoka. Sijaona tiba ya majonzi inayomshinda mtani. Sasa mafuriko yanachukua mtu, mkeka, jirani, na mtani mwenyewe: huyu kahamia kwa shemeji Nangurukuru, yule yuko Lindi mjini. Nani atalala na mfiwa?

Na asiyefiwa naye ana msiba. Kambini nilimkuta bibi akianika kadi ya kliniki ya mjukuu wake, kaibana kwa kokoto isipeperuke. Kila mgeni anamwambia ashukuru yu hai, naye anaitikia, "Alhamdulillahi." Nikamuuliza habari za shamba. Akaanza kuitaja mikorosho, mmoja mmoja, na aliyeupanda: huu wa marehemu mume wangu, ule wa mwanangu alipomaliza la saba. Adhuhuri ikaadhiniwa bado anataja. Mkorosho unakaa kama miaka mitatu kabla ya kuzaa, na yeye ni bibi. Utampa moyo gani kwa gunia la unga?

Kwa hiyo msiwaharakishe. Ambaye maiti hajaonekana, mwiteni sheikh, aswaliwe swala ya ghaibu, isomwe hitma. Mkristo aitiwe padri au mchungaji wake. Mtoto anayeruka mvua ikigonga bati asichekwe. Ila mtu akipitisha wiki kadhaa halali usingizi, hali chakula, au anataja kufa, huyo mpelekeni hospitali, tena msimwache peke yake njiani. Si wazimu huo.

Na mahema yasigawiwe kwa herufi za majina. Waliokuwa majirani wawe majirani. Mwenye orodha abaki hapa tukimaliza, tuipange upya kwa vitongoji kabla lori halijafika.