Zama za Saa Moja

Asanteni. Kaeni, hata wale wa nyuma. Tangazo lilisema tunaanza saa tisa, sasa ni saa tisa na dakika ishirini, kwa hiyo tumewahi. Walionisikia siku nyingine wanivumilie.

Leo tubuni zama. Tuseme miaka mia tano ijayo mwanahistoria ameketi hapa Arusha, anaandika habari za enzi ambapo dunia nzima ilikuwa na saa moja. Si saa moja asubuhi, dada, usicheke. Tokyo, Lima na Moshi, mishale yote imesimama kwenye namba ileile, ya Greenwich kule Uingereza. Anajiuliza: akina nani walihangaika kidogo kuliko wote? Jibu langu mnalijua. Sisi wa Kiswahili.

Lakini kwanza tiketi. Mwaka fulani nilikata tiketi Moshi, niende Dar es Salaam. Kijana wa ofisi ya mabasi, mwenye adabu tele, shikamoo mbili, akaandika kwa kalamu ya bluu: kuripoti 12:00. Nikaitazama. Nikasema moyoni, huyu ni kijana wa kisasa, ana kompyuta mbele yake, atakuwa ameandika Kizungu. Adhuhuri hiyo. Kesho yake nikanywa mtori wangu taratibu, nikafika stendi saa tano na nusu, najisifu kwa kuwahi. Konda mmoja akaitazama tiketi, akanitazama mimi. "Mzee, shikamoo. Basi lako saa hizi linaitafuta Korogwe."

Nikamrudia kijana. "Mzee, si nimeandika saa kumi na mbili?" Nikamwambia, mwanangu, umeandika nukta mbili na sifuri mbili! Akasema: "Ndiyo, mzee. Kamili."

Na alikuwa sahihi! Aliyekosea ni mimi, mwalimu wa jiografia, niliyedhani namba yenye nukta mbili haiwezi kuwa ya Kiswahili. Nauli nililipa mara mbili, na hasira hiyo bado ninayo.

Sasa tokeni hapo mwende Mnara wa Saa. Mshale mfupi ukiwa kwenye saba asubuhi, mtoto wa darasa la pili anasema saa moja. Anasoma namba ya upande wa pili, wala hasiti. Zama hizo zikiingia, mshale utakuwa kwenye nne, maana Greenwich wako nyuma yetu kwa saa tatu. Mtoto atafanya nini? Atasoma robo duara nyuma badala ya nusu duara. Nne, moja. Tisa, sita. Wiki moja tu, kazi imekwisha. Sisi tulishazoea kwamba mshale unasema lake na jua linasema lake. Na kwa taarifa yenu, saa ya Kiswahili hailingani na ya Greenwich, inalingana na ya Tokyo! Hapa saa moja asubuhi, ukutani kwao mshale uko kwenye moja, mchana. Mpigieni mtu simu mkabishane naye.

Najua kuna mtu hapa anasema, mwalimu, namba lazima zifuate jua. Jua lipi? Saa zetu zimepangwa kwa longitudo 45, na Arusha tuko karibu na 36.7. Kila digrii ni dakika nne, pigeni hesabu. Kwa wastani jua la utosi hapa linafika kama saa sita na dakika thelathini na tatu. Mnadanganywa nusu saa kila siku na hakuna aliyeandamana. Kule Kashgar, magharibi mwa China, ni zaidi. China nzima inafuata saa ya Beijing tangu 1949, na jua la utosi la Kashgar linapita mshale ukikaribia tatu. Wenyeji wengi wana saa yao ya pembeni, nyuma kwa saa mbili. Wanaishi na mbili, kama sisi.

Bibi yangu wa Machame alisoma kwamba giza lilitanda tangu saa sita hadi saa tisa siku ya msalaba. Hakuuliza ni saa ngapi hizo. Mwingereza mwenye tafsiri ya zamani anahitaji mchungaji amfafanulie.

Mkutano wa Washington wa 1884 ulioichagua Greenwich, tuuache. Wafaransa waliogawa siku kwa saa kumi mwaka 1793, wakachoka 1795, nao nilikuwa nimewaandalia mchoro mzuri, lakini mwenyekiti ananionyesha saa yake. Mshale uko kwenye nne, kwa hiyo ni saa kumi, na Greenwich ni moja kamili. Maswali?