Msimwahidi Mgeni Kasa

Mhadhara kwa waongozaji na manahodha wa safari za siku, Unguja

Assalaam alaykum, hamjambo nyote. Nawashukuru waandaaji, na zaidi nawashukuru manahodha mlioacha boti ufukweni leo, maana asubuhi ya maji matulivu kama hii ni riziki. Sitawaeleza kisiwa cha Mnemba kiko wapi wala kasa, huyu kobe wa baharini, ni mnyama gani. Wengine humu mmezaliwa mkimwona. Naingia kwenye jambo lililonileta, ile ahadi ya kasa tunayomwandikia mgeni, na walionisikia kwenye vikao vya nyuma watanivumilia, kwa sababu ni lile lile na bado halijapona.

Tembea kutoka Nungwi hadi Kendwa, shuka Matemwe, nenda Paje na Jambiani, usome mbao za safari. Pango la kuogelea, miwani ya maji na mrija, matumbawe, chakula cha mchana mchangani, kurudi alasiri. Safari nzuri, inalisha nyumba nyingi, sina neno nayo. Kisha chini kabisa, kwa rangi nyekundu: kasa lazima mtamwona. Hapo ndipo ninapogombana na watu.

Nani kakupa dhamana hiyo? Ukiandika kwamba utampeleka mtu kwenye mwamba, umesema kweli, mwamba hauhami. Pango halihami. Kasa anahama. Leo yuko kwenye majani bahari anakula, kesho yuko upande wa pili wa kisiwa, na kusi likivuma maji yanachafuka, hata akiwa chini ya boti yako humwoni. Wewe umeshapokea fedha za mgeni kwa kitu ambacho hakimo mikononi mwako. Sasa ikifika saa nne na kasa hajaonekana, unafanya nini? Njia ni mbili tu. Utamfukuza yule wa baharini ukimpata, au utamtafuta aliyefungwa. Zote mbili nimeziona, na zote zinaanzia kwenye ule mstari mwekundu.

Nianze na ya kwanza. Hii nataka tuitazame taratibu, kwa sababu wengi wetu tumeizoea kiasi kwamba hatuioni tena.

Boti zote zinaondoka baada ya chai ya asubuhi, kwa hiyo zote zinafika Mnemba wakati mmoja. Kasa wa kijani yuko chini, mita tano au sita, anakula majani bahari. Ana mapafu kama yangu na yako. Akiwa amelala chini ya mwamba anaweza kukaa muda mrefu sana bila kupanda, lakini anapokula au kuogelea lazima aje juu mara kwa mara. Akija, anatoa kichwa, anapuliza hewa ya zamani kwa sauti fupi ambayo ukiwa kimya utaisikia, anavuta mpya, anafunga pua. Sekunde moja, labda mbili. Anaweza kurudia mara chache, halafu anashuka. Maisha yake yote yamefungwa kwenye hizo sekunde.

Sasa mwongozaji amemwona anapanda. Anapiga kelele: "Kasa! Kasa!" Watu kumi na tano wanaruka majini kwa pamoja, mapezi yanapiga maji, povu jeupe kila mahali, kamera za fimbo mbele. Boti ya jirani imesikia, nayo inageuza pua inakuja na mashine inanguruma. Kasa yuko nusu ya njia kuja juu. Anaona vivuli juu yake. Anageuka, anarudi chini bila kuvuta pumzi. Na kwa kuwa sasa anakimbia, hewa iliyobaki mwilini inakwisha haraka kuliko alipokuwa anakula kwa utulivu. Atajaribu tena mita thelathini mbele, na huko kuna boti ya tatu. Hapo mwongozaji fulani, na msijifanye hamumjui, anazama, anamshika gamba kwa mikono miwili anamleta juu ili mgeni apige picha. Mgeni anafurahi. Anatoa bakhshishi. Na kijana amejifunza kwamba hivyo ndivyo kazi inavyofanywa.

Mtu ataniambia: "Mwalimu, mbona hatujawahi kuona kasa aliyekufa kwa kuogopa watalii?" Hili naulizwa kila mahali. Ndugu yangu, hutamwona. Utakachoona ni kwamba mwaka huu wako kidogo kuliko mwaka ule, na utalaumu nyavu. Nyavu zina lawama yake kubwa, sikatai. Lakini mnyama anayezuiwa kula na kupumua asubuhi baada ya asubuhi mahali pamoja, atapahama mahali hapo. Tazameni Kizimkazi, kusini mwa kisiwa chetu. Watafiti waliwafuatilia pomboo wa kule wakaonyesha kwamba boti zikiwaandama, muda wao wa kupumzika na kutafuta chakula unapungua, na muda wa kukimbia huku na huko unaongezeka. Pomboo wale hawakufa siku ile. Walinyimwa usingizi na chakula tu. Je, hilo ni dogo?

Mwingine, hasa kijana mwenye simu nzuri, ataniambia kwamba mwaka 2025 IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa asili, lilimtoa kasa wa kijani kwenye kundi la walio hatarini kutoweka. Kweli, lilimtoa. Na mimi nilifurahi kuliko wewe. Lakini soma sababu: miongo ya watu kulinda mayai, kulinda majike ufukweni, kupunguza kasa wanaonaswa kwenye nyavu. Hiyo ni hesabu ya dunia nzima, haisemi lolote juu ya ufukwe wako. Ng'amba, ambaye nanyi mnamwonyesha wageni kwa jina la kasa tu, bado yuko kwenye daraja la hatari ya juu kabisa. Na hata huyo wa kijani huchukua miaka 25 au zaidi kabla ya kutaga mara ya kwanza. Jike unayemzuia kupumua leo alianguliwa kabla baadhi yenu hapa hamjashika usukani. Hupati mwingine msimu ujao.

Kwa hiyo tufanye nini? Nasema hivi, na ndilo ninaloomba liandikwe kwenye kumbukumbu za kikao: mwongozaji asiite kasa kwa kelele. Akimwona, ainue mkono, akusanye watu wake, wasimame palepale wakielea, uso chini, mapezi yametulia. Mita tatu ndio mwisho wa kusogea, tano ni bora. Asiwepo mtu juu yake wala mbele yake, wakae ubavuni ili njia ya kwenda juu iwe wazi. Boti ya pili ingoje mbali, mashine imezimwa, hadi ya kwanza iondoke. Wageni mtakaowafundisha hivi mchangani kabla ya kupanda boti watamwona kasa kwa muda mrefu kuliko wale wa kelele. Hili si la kubahatisha. Kasa asiyefukuzwa anaendelea kula mbele ya macho yao, anararua majani kwa mdomo wake, vumbi la mchanga linapanda, samaki wadogo wanamzunguka wakiokota makombo. Kasa anayefukuzwa mgeni anamwona mgongo tu, tena kwa sekunde chache.

Na siku asipoonekana? Mwambie mgeni ukweli tangu jana yake. "Tunakwenda mahali anapokula. Tunaweza kumwona." Mgeni mzima wa akili anaelewa. Anakwenda Serengeti bila kuandikiwa risiti ya chui.

Njia ya pili sasa, ya waliofungwa. Sitaji dimbwi la mtu. Mnajua kwamba yapo madimbwi, mengine ndani ya miamba ya mapango, ambamo kasa wanawekwa na mgeni anaingia kuogelea nao huku akiwalisha mwani kwa mkono. Wapo walioanza kwa nia njema: kasa aliyenaswa kwenye wavu, amejeruhiwa, anatunzwa hadi apone, anaachiliwa. Huyo namheshimu. Watamu, upande wa Kenya, wamefanya kazi hiyo kwa miaka mingi, mvuvi anayeleta kasa aliyenasa analipwa kifuta jasho, na kasa anarudi baharini. Kipimo changu ni kimoja na ni rahisi: niambie wangapi wametoka. Kama kasa wanaingia na hawatoki, na tiketi zinauzwa kila siku, hiyo ni biashara ya kasa aliyefungwa. Mgeni anaingia na krimu mwilini kwenye maji yasiyozunguka, kasa wanane wanagongana wakigombea jani moja. Na mzee wangu mmoja ataniambia, "Lakini watoto wetu nao wanamwona hapo, wanampenda." Watoto wa pwani wapelekwe baharini, mzee wangu. Bahari iko hatua mia moja.

Nimekula muda mwingi hapo. Mapango basi, kwa haraka.

Pango si bwawa la hoteli. Mapango yetu yako ndani ya jiwe la matumbawe ya kale, maji yanapenya kutoka mvua ya juu, na karibu na pwani yanapanda na kushuka pamoja na bahari. Vijiji vimeteka maji humo kwa vizazi, na mengine bado ni mahali pa mizimu, watu wanaweka ubani na vitambaa. Pango la Kuumbi, kule Jambiani, wanaakiolojia wamefukua mabaki ya watu na wanyama wa zamani sana. Kwa hiyo mgeni aoge maji matupu kabla ya kuingia, asipake krimu wala mafuta ya nazi, ridhaa ya wenye kijiji iombwe kwanza, na kama kuna ubani umewashwa, safari inasubiri. Usalama: taa mbili kwa mwongozaji, hesabu ya watu kuingia na kutoka, hakuna kupiga mbizi kichwa mbele, maana kina cha maji ya pango hudanganya macho. Mapango ya baharini yenyewe msiingize mtu wakati wa mawimbi. Wimbi linaloingia ndani ya pango halina pa kwenda isipokuwa juu, pamoja na wewe.

Maji. Bado naona boti zinapeleka watu mwambani maji yakiwa yamekupwa kabisa siku za bamvua, yanapojaa na kupwa kupita kawaida, halafu tunashangaa wageni wanasimama juu ya matumbawe. Hapa petu tofauti ya kujaa na kupwa bamvua hufika mita tatu hadi nne! Mnalijua hilo kuliko mimi. Panga safari kwa maji, usiipange kwa saa ya chai ya hoteli. Na nanga: funga kwenye boya. Tawi la matumbawe unalolivunja kwa nanga asubuhi moja limekua kwa miaka. Kisiwani Chumbe walifunga mwamba wao usivuliwe tangu 1994, wakawafanya wavuvi kuwa walinzi, wageni wanaogelea wakiwa na mwongozaji, na nendeni mkauone mwamba ule leo.

Fukwe za kutagia nilitaka nizieleze kwa kirefu, nafasi haipo. Moja tu. Kule Mafia, kisiwani Juani, walinzi wa kijiji wanaandika tarehe jike alipotaga, wanajua mayai huchukua karibu miezi miwili, wanakadiria siku, na mgeni anaitwa kuja kuangalia vitoto vikitoka mchangani. Anasimama nyuma ya mstari, hagusi, hawashi taa, maana vitoto hufuata mwanga wa upeo wa bahari na taa moja inavipeleka nchi kavu. Sehemu ya ada inaingia kijijini. Siku vikichelewa, mgeni anarudi bila kuona, na hakuna anayechimba kiota ili kumridhisha. Kwa nini Juani waweze na sisi tushindwe?

Bima ya boti na majaketi ya uokozi yatazungumzwa na mwenzangu mchana. Mbao zile naomba zifutwe mstari wa mwisho wiki hii, kabla msimu haujachanganya. Rangi tumekuja nayo, ipo nje, makopo mawili.

Maswali. Aanze nahodha pale nyuma, amenyoosha mkono tangu nilipotaja boya.