Nitazame Ninapoongea Nawe

ZUHURA: Shikamooni wakubwa, mambo vipi rika letu. Tuko Kigoma, mwisho wa reli, na leo kaka Filbert kaanza ugomvi kabla hata hatujawasha vinasa sauti. Uanzishe upya, watu wasikie.

FILBERT: Si ugomvi, dada. Nimesema tu ile kauli ya "niangalie machoni kama husemi uongo" ipigwe marufuku. Nyumbani, shuleni, kituo cha polisi, popote.

ZUHURA: Na mimi nikasema wewe una lako jambo. Mwenye hatia macho yanamkimbia. Bibi yangu pale Ujiji alilijua hilo na darasani hakuingia.

FILBERT: Bibi yako ana wenzake wengi. Mwaka 2006 watafiti walichapisha majibu ya watu wa nchi 58 walioulizwa: unamjuaje mwongo? Jibu lililoongoza lilikuwa hilohilo, kwamba hakutazami machoni. Sasa tatizo linakuja ukipima. Miaka mitatu kabla ya hapo, Bella DePaulo na wenzake wa Marekani walikusanya dalili 158 za uongo zilizowahi kupimwa na wanasayansi. Macho kukimbia hayakumtenganisha mwongo na mkweli.

ZUHURA: Hapo nakubali nusu, maana mwongo mzoefu naye anajua tunachotafuta. Kuna mmoja aliniuzia dagaa pale Kibirizi. Kanikazia macho, tabasamu, na kiapo juu. Dagaa wa juu ya ndoo wanang'aa kama fedha, kufika katikati ni mchanga na vichwa vitupu.

FILBERT: Macho makavu.

ZUHURA: Makavu kuliko hao dagaa.

FILBERT: (anacheka) Sasa ugeuze upande wa pili. Mtoto wa Kiha, Kasulu au Buhigwe huko, kalelewa kwamba mkubwa akisema nawe unashusha macho. Huwezi kumkodolea baba mkwe, watu watauliza umelelewa na nani. Mtoto huyo anasoma, anamaliza chuo, anaitwa usaili Dodoma. Anakuta watu wanne nyuma ya meza, wote rika la baba yake. Anajibu vizuri, lakini anaitazama meza. Wanaandika: hajiamini.

ZUHURA: Na wanaoandika nao wamelelewa hivyohivyo!

FILBERT: Ndicho kinachoniudhi. Mtu akishakalia kile kiti anasahau kwao.

ZUHURA: Mimi lakini mdogo wangu akiniomba ushauri wa usaili sitamwambia atazame meza ili kutunza mila. Nitamwambia anyanyue uso. Kula yake iko pale.

FILBERT: Anyanyue, ndiyo. Asikodoe. Mwaka 2016 yalitoka matokeo ya jaribio la kwenye makumbusho ya sayansi ya London. Wageni karibu 500 walioneshwa video za mtu anayewatazama, wakaulizwa muda upi unawakaa sawa. Wastani ulikuwa sekunde tatu na kidogo. Fupi zaidi, unaonekana mtoro. Ndefu zaidi, mwenzio anaanza kujiuliza una nini naye.

ZUHURA: Hao ni watu wa makumbusho ya London, si wa soko la Mwanga. Mwanga ukimtazama muuza mawese sekunde tatu bila kusema kitu, ameshakupimia lita.

FILBERT: Kweli, kipimo hicho sitakileta huku. Ila kuna kitu hakina London wala Kigoma. Teresa Farroni na wenzake, mwaka 2002, waliwaonesha watoto wachanga, wa siku mbili hadi tano, picha mbili za uso. Mmoja unatazama mbele, mwingine macho yapo pembeni. Watoto walikaa zaidi na ule unaowatazama.

ZUHURA: Siku mbili? Hapo kitovu hakijadondoka.

FILBERT: Na hajui Kiha wala Kiswahili. Kutafuta macho anazaliwa nako. Kuyashusha tunamfundisha sisi, na ni kazi ya miaka. Sasa kina mama siku hizi wananyonyesha huku wamekodolea simu—

ZUHURA: Ishia hapo, mwalimu. Zamani mama alinyonyesha huku anachambua mchele na kumfokea kuku. Hakumtazama mtoto saa nzima. Anatazama, anaacha, anarudi. Mtoto anachosubiri ni ule mrejeo. Simu ina kesi zake, hii usiibambikie.

FILBERT: Nimeisikia. Tupande boti basi, twende Gombe.

ZUHURA: Nilijua tutafika kwa sokwe.

FILBERT: Tutaachaje kufika? Wako mlangoni kwetu. Ukimtazama sokwe, sehemu inayozunguka mboni mara nyingi ni ya kahawia, inakaribiana na ngozi yake. Ukiwa mbali kidogo hujui anatazama wapi. Kwetu binadamu ni nyeupe na inaonekana wazi. Wajapani wawili, Kobayashi na Kohshima, walilinganisha nyani na jamii zake nyingi mwaka 1997, wakaona binadamu tumezidi kwa hilo. Wengine wakajenga hoja juu yake kwamba macho yetu yalibadilika yakawa hivi ili tushirikiane.

ZUHURA: Wavuvi watakuelewa haraka. Usiku ziwani, taa zinawaka, injini inanguruma, nani atapiga kelele? Mwenzako anatupa jicho kwenye kamba, wewe tayari umeishika.

FILBERT: Hiyo hasa. Na nisizidishe: Jane Goodall, mtafiti wa sokwe aliyefika Gombe mwaka 1960, alikuwa na sokwe dume aliyempa jina Mr. Worzle, na yule macho yake yalikuwa na weupe kama wetu. Tafiti za karibuni zimekuta wengine pia. Kwa hiyo mpaka kati yetu nao si mstari wa rula.

ZUHURA: Rudi darasani, maana kabla hatujaanza ulisema una jambo la shule, na shule ndiko nilikofokewa zaidi.

FILBERT: Hili ndilo nililolibeba toka nyumbani. Unamwuliza mtoto, saba mara nane? Anatazama dari. Mwalimu anawaka: "Jibu limeandikwa darini? Nitazame!" Kule Scotland, Gwyneth Doherty-Sneddon na wenzake walifuatilia watoto wakiulizwa maswali. Swali likizidi ugumu, mtoto anazidi kukwepesha macho. Kisha wakawafundisha watoto wa miaka mitano kutazama pembeni wakati wa kufikiri, na majibu yakawa bora zaidi.

ZUHURA: Kwa nini hasa?

FILBERT: Uso wa mtu una habari nyingi. Amekasirika? Anacheka? Kanyanyua nyusi? Akili inazisoma zote utake usitake. Mtoto anayetafuta hamsini na sita anauweka uso wa mwalimu kando kwanza. Ukimlazimisha akutazame, umempa kazi mbili, na moja inatisha.

ZUHURA: Na fimbo iko mkononi.

FILBERT: Hiyo ni kazi ya tatu.

ZUHURA: Hapo umenishinda, sina pa kukubishia. Lakini baada ya jibu, mwalimu, hapo mtoto atazamwe. Kapata, kakosa, apate jicho la mtu mzima. Kuna walimu wanasahihisha daftari mwaka mzima na sura za watoto hawazijui.

FILBERT: Baada ya jibu, ndiyo. Tena akitaka kushusha macho yake, ashushe.

ZUHURA: Tuna ujumbe wa muuguzi wa zahanati moja upande wa Uvinza. Anasema: "Nikimwuliza mgonjwa kama amemeza dawa zote, anatazama sakafu. Nitajuaje ananidanganya?"

FILBERT: Kwa sakafu hutajua. Mwambie aje na pakiti, mhesabu vidonge pamoja. Halafu sogeza kiti, msikae uso kwa uso kama polisi na mtuhumiwa. Kaeni ubavu kwa ubavu.

ZUHURA: Kama watu wa barazani.

FILBERT: Wale wote wanatazama njia, na hakuna siri ya mtaa inayobaki.

ZUHURA: Hasa za jirani. Muuguzi, jaribu kiti halafu utuandikie. Wiki ijayo tuko na fundi wa mitumbwi kutoka Katonga, maswali yaleteni mapema.