Kuingiza line ya gesi ndani ya nyumba kupitia msingi: mhadhara kwa mafundi na wenye nyumba, Dar es Salaam

Haya jamani, shikamooni wakubwa, wengine habari za asubuhi. Nimeombwa niongelee namna ya kuingiza line ya gesi ndani ya nyumba kupitia kwenye msingi, na naona humu kuna mafundi bomba, kuna mafundi uashi, kuna na wenye nyumba ambao ndo wenye hela, kwahiyo ntajaribu kuongea lugha ya wote. Nianze na jibu kabisa. Ukinambia unataka kupitisha bomba la gesi kwenye msingi, mi ntakwambia usipitishe. Lilete chini ya ardhi mpaka karibu na ukuta, lipandishe nje, alafu liingie ndani kwenye ukuta juu ya ardhi, mahali panapoonekana kwa macho. Msingi ni pale ambapo njia nyingine zote zimegoma.

Najua mnachowaza. Bomba ukutani linaharibu sura ya nyumba, alafu kama ni la kopa, yaani shaba, usiku mmoja tu limeshaenda kwa wanunua chuma chakavu. Na siku hizi kuna hili la jikoni, mama mwenye nyumba ameona picha kwenye simu anataka jiko likae katikati ya chumba, kule kwenye kisiwa, ile meza ya katikati, sa bomba litafikaje pale bila kupita chini ya jamvi, yaani sakafu ya zege? Hayo ni maswali ya kweli na ntayajibu. Ila lazima kwanza muelewe gesi ikivuja inafanyaje, maana mafundi wengi tunaijua tabia ya maji, na gesi siyo maji.

Hapa kwetu gesi ziko mbili na watu wanazichanganya. Ya kwanza ni gesi asilia, ile iliyogunduliwa Songo Songo mwaka 1974 na Mnazi Bay kule Mtwara mwaka 1982. Ya Songo Songo ilianza kufika Dar mwaka 2004 kwa ajili ya umeme na viwanda, bomba kubwa la kutoka Mtwara likakamilika 2015, na TPDC, shirika la mafuta la taifa, wameshaunganisha baadhi ya nyumba, Mikocheni kwa mfano, na Mtwara pia. Hii karibu yote ni methani, nyepesi kuliko hewa, uzito wake kama nusu tu, ikivuja inapanda juu. Ya pili ni hii ya mitungi, propani na butani, ambayo ndo wengi wetu tunayo, na hata nyumba zinazojengewa mitungi mikubwa nje alafu line inaingia ndani ni hiyo hiyo. Hii ni nzito, mara moja na nusu mpaka mara mbili ya hewa, ikivuja inashuka, inatambaa sakafuni, inaingia kwenye chemba, kwenye shimo lolote, inakaa humo inasubiri.

Methani inashika moto ikiwa kati ya asilimia 5 na 15 ya hewa. Ya mtungi inaanzia kwenye asilimia 2 tu. Chukua chumba cha mita tatu kwa tatu kwa tatu, piga hesabu, kilo moja na kitu ya gesi ya mtungi ikitawanyika humo sawasawa inatosha, na ule mtungi mdogo wa jikoni una kilo 6. Alafu kumbuka haitawanyiki sawasawa, inajazana chini, kwahiyo hata nusu ya hapo chini kwenye miguu yenu hali imeshakuwa mbaya.

Sasa tuje kwenye msingi wenyewe, na hapa naomba mafundi uashi wanisikilize maana mtanisahihisha mkiweza. Nyumba zetu nyingi unainua msingi kwa tofali au mawe, unajaza kifusi, unashindilia, na tusidanganyane, kushindilia kwenyewe tunakujua, mara nyingi ni kumwaga maji na watu wawili na kipande cha gogo. Unapanga mawe, unamwaga jamvi. Baada ya masika mawili matatu kifusi kinashuka. Jamvi halishuki, limeshikwa na nondo na kuta. Kwahiyo kati ya jamvi na kifusi panabaki uwazi, sentimita mbili, tano, mahali pengine unaweza kuingiza mkono, na uwazi huo unatembea chini ya vyumba vyote na hakuna anayeujua mpaka siku mtu anabomoa choo. Gesi ikivuja kwenye bomba lililo chini ya jamvi, au hata ikivuja nje mita kadhaa na udongo wa juu umelowa au umefunikwa na peving, haiwezi kutoka juu, itafuata njia laini, na njia laini ni ule mtaro wako mwenyewe uliochimba ukarudishia mchanga. Inafuata mtaro mpaka kwenye tundu la msingi, inaingia kwenye ule uwazi, inakaa chini ya nyumba nzima. Kutoka hapo inapanda kupitia pembeni ya bomba la choo, kwenye ufa, kwenye paipu za umeme zilizozikwa, mpaka inatokea ndani ya boksi la swichi. Ndani ya boksi la swichi, jamani.

Kuna tukio linafundishwa mpaka leo kwa watu wa gesi. Marekani, jimbo la Texas, sehemu inaitwa New London, tarehe 18 Machi 1937. Shule kubwa, ina hela kwa sababu eneo lile lilikuwa la mafuta, lakini ili kubana matumizi walikuwa wameacha gesi ya kununua wakajiunganishia kwenye bomba la gesi iliyobaki kwenye uchimbaji, ya bure, na gesi ile haikuwa na harufu. Ikavuja ikajaa kwenye uwazi ulio chini ya sakafu ya jengo. Mwalimu wa ufundi akawasha mashine ya kupiga msasa, cheche moja, jengo likanyanyuka. Walikufa karibu watu 300, wengi watoto. Baada ya hapo ndo Texas ikaweka sheria kwamba gesi lazima iwekewe harufu, na hiyo harufu ya yai viza mnayoisikia mkifungua jiko ni dawa inaongezwa, gesi yenyewe hainuki.

Na hapa kuna jambo ambalo hata mafundi wazoefu hawalijui: gesi ikipita kwenye udongo, udongo unaweza kuinyonya ile dawa ya harufu. Inaingia ndani haina harufu au inanuka kidogo sana. Kwahiyo bomba likivuja jikoni mezani utasikia harufu mapema, likivuja chini ya msingi unaweza usisikie. Ndo maana nasema tusipitishe kwenye msingi kama tunaweza kukwepa. Bomba zuri, vifaa vizuri, fundi mzuri, sawa, lakini tatizo la msingi ni lile tundu na ule uwazi, siyo bomba.

Haya, tuseme huna jinsi. Kiwanja kimebana, au kisiwa cha jikoni lazima. Sikiliza.

Kwanza slivu, yaani bomba kubwa zaidi linalobeba bomba la gesi, iwekwe wakati wa kujenga, kabla ya zege. Usije na tindo baadaye. Nimeona fundi anagonga msingi kwa tindo na nyundo kilo tano, bomba ni la robo tatu ya inchi ila tundu linatoka ngumi mbili, amekata na nondo ya mkanda, alafu anapitisha bomba analizibia na saruji na mchanga. Saruji ile ikikauka inasinyaa, inaacha mwanya wa kupitisha karatasi, na mwanya wa karatasi kwa gesi ni barabara. Alafu saruji imelishika bomba, nyumba ikishuka milimita tatu tu bomba linapindwa palepale, na wala huoni. Na mchanga wetu wa huku pwani una chumvi, bomba la chuma lililogusana na zege lenye chumvi na unyevu linaliwa na kutu kutokea nje, miaka michache tu unakuta vishimo.

Kwahiyo tumia slivu. La gesi likiwa robo tatu, slivu iwe inchi moja na nusu, isiwe na ufa wala maungio, itokeze pande zote mbili za ukuta wa msingi. Bomba la gesi ndani ya slivu liwe zima, pisi moja, hamna soketi, hamna elbo, hamna kuchomelea humo ndani. Liwe limepakwa au limezungushiwa tepu ya kuzuia kutu, na lisiguse kuta za slivu. Kwenye ukuta wa juu ya ardhi unaziba upande wa ndani kwa mastiki, ile gundi ya kuzibia, isiyokauka ikawa mawe, upande wa nje unauacha wazi, ili ikivuja ndani ya slivu itoke nje. Kwenye msingi, chini ya udongo, huwezi kuacha wazi maana maji na udongo vitaingia, na gesi ya kwenye mtaro pia itapata mlango. Hapo unaziba pande zote mbili, alafu kwenye slivu upande wa nje unatoa kijibomba cha kupumulia kinapanda juu ya ardhi, kichwa kimepinda kuangalia chini kuzuia mvua, na wavu kuzuia wadudu. Nyigu wanapenda sana hivo vijibomba, siyo utani. Kama bomba linaendelea chini ya jamvi mpaka kwenye kisiwa, slivu nayo iende njia yote mpaka itokeze juu ya sakafu, imezibwa ndani, inapumulia nje.

Pili, lile bomba la plastiki la njano linalotoka barabarani, PE. Zuri sana chini ya ardhi, halioti kutu, linapinda. Lakini jua linaliharibu na moto unaliyeyusha, kwahiyo haliingii ndani ya nyumba. Nje kabla ya ukuta unalibadilisha liwe chuma kwa kiungio chake maalumu, unaweka koki mahali ambapo mtu yeyote anaifikia bila ufunguo, hata jirani. Mkono wa koki ukilala sambamba na bomba iko wazi, ukikingama imefungwa, wafundisheni mpaka wasichana wa kazi na watoto wakubwa.

Mtaro nusu mita kwenda chini au zaidi, zaidi kama gari linapita. Chini mchanga laini, juu mchanga laini, siyo kurudishia na vipande vya tofali. Sentimita 30 hivi juu ya bomba laza utepe wa njano wa tahadhari, na waya wa kopa ulale sambamba na bomba, maana plastiki haionekani na kifaa cha kutafutia mabomba, na mwaka kesho atakuja mtu wa maji na sururu.

Kupima. Pima kwa hewa, kabla hujafukia. Usipime kwa gesi yenyewe, na naomba sana usipime kwa oksijeni ya mtungi wa kuchomelea, oksijeni ikikutana na grisi au mafuta ndani ya bomba inalipuka. Jaza hewa, funga, angalia geji. Fanya asubuhi na mapema, maana bomba likipigwa na jua geji inapanda yenyewe, unaweza kuwa unavuja na geji inakuonyesha uko vizuri. Alafu povu la sabuni kwenye kila kiungio. Ukishafukia, pima tena, maana kufukia nako kunavunja.

Maswali. Ndio, mama yangu pale.

Mama anauliza nyumba yake imeshajengwa, fundi alipitisha bomba kwenye msingi akazibia na saruji, abomoe? Hapana mama, usibomoe msingi. Lile bomba tuliache, tulifunge pande zote mbili lisitumike tena, tuvute jipya kutoka nje lipite ukutani juu ya ardhi. Ni rahisi kuliko kukarabati, na lile tundu la zamani tutachimbua saruji upande wa nje tuzibe kwa mastiki.

Kaka wa shati la bluu. Anasema wezi wa kopa. Tumia bomba la chuma lililopakwa rangi, bei yake chakavu haimvutii mtu, au lipitishe juu chini ya bati la varanda. Lakini usilifunike kwa lipu ukutani ili kuficha, utakuwa umerudi kulekule kwenye kuficha.

Mzee anauliza kuhusu mitungi yake, anataka kuiweka kwenye kistoo chini ya ngazi alafu line ipite kwenye sakafu. Hapana mzee wangu, samahani sana, hiyo ni gesi nzito, chini ya ngazi hamna hewa. Mitungi nje, kwenye kibanda chenye matundu chini, mbali na chemba na mbali na dirisha lililo chini. Line ipande ukutani.

Na wewe dada unauliza ukisikia harufu usiku ufanye nini. Usiwashe taa, na kama inawaka usiizime, swichi yoyote usiguse. Fungua madirisha unayoyafikia ukiwa unatoka, toa watu, funga koki ya nje, ukishafika mbali ndo upige simu. Na kama harufu inatokea kwenye soketi ya umeme au kwenye choo kuliko jikoni, mwambie fundi hilo jambo kabla ya yote, maana hapo ntaanza kuchimba nje kwenye msingi, sitahangaika na jiko.